Ndoa Wiki Sita, Mimba Wiki Nane

Ningependa kumjua mtaalamu aliyeamua kwamba mimba ianze kuhesabiwa kabla haijatungwa, maana nina malalamiko ya kumkabidhi mkononi. Tulifunga ndoa tarehe 1 Februari, na katikati ya Machi mke wangu akarudi kutoka kliniki na vidonge vya kuongeza damu, akaniwekea kadi mezani kwa bashasha ili niisome mwenyewe. Nikaisoma: wiki nane. Mimi ni karani wa stoo, kazi yangu ni kulinganisha hati na mzigo, na kwa hesabu yoyote ile ndoa yetu ilikuwa na wiki sita.

Sikusema kitu. Mke wangu akadhani ninawaza madeni ya harusi, akanifariji kwamba kitanda cha mtoto tutaazima kwa dada yake, nami nikawa ninaitikia huku nikimkagua akilini kila mwanamume aliyehudhuria vikao vya kamati, hususan mweka hazina, ambaye ukarimu wake sikuwahi kuuelewa. Mara akaanza kuziba pua kila ninapomkaribia, nikahamia kwenye kochi. Shangazi yake alipokuja kutusalimia, akanipigapiga begani: "Vumilia, baba, mimba imekukataa." Mtu mwenye mashaka kama yangu anaambiwa hata mimba yenyewe imemkataa!

Nikamfuata muuguzi, akazungusha kiduara chake cha karatasi bila hata kunitazama. "Baba, tunahesabu tangu siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho. Mimba hutungwa kama wiki mbili baadaye, lakini hizo nazo tunaziandika." Stoo kwetu, ukiandika mzigo ambao haujafika, unaitiwa polisi.

Mweka hazina nimeanza kumsalimia tena. Kero iliyobaki ni mama yangu, ambaye amehesabu kwa vidole kuanzia siku ya harusi na kutangaza mtaa mzima kwamba mjukuu atazaliwa Novemba, ilhali kadi inasema 25 Oktoba. Mke wangu anasema mama ni wangu, shangazi amezima simu. Kwa hiyo mimi, mtoto wa kiume, ndiye ninayetakiwa kumketisha mama yangu mzazi mkekani na kuanza kumsimulia habari za hedhi ya mkwewe.