Mtoto wa kutumwa kwa Mangi ana akili gani?

Watu wa rika langu hili wanalikumbuka, mkubwa anatema mate chini anakwambia kimbia dukani urudi kabla hayajakauka, na wewe unatimua mbio hela umeifumbata kiganjani huku unajisemea kimoyomoyo sukari robo, mafuta ya kupima, kiberiti, chenji irudi, sukari robo, mafuta ya kupima. Leo ukiwasimulia watoto wa geti kali wanaona ulinyanyaswa. Mi naona lile lilikuwa darasa, na wala sio la adabu peke yake kama tunavyopenda kujisifia, lilikuwa linatengeneza kichwa. Kukumbuka orodha, kupiga hesabu ya chenji, kumsoma Mangi usoni kama anataka kukupunja, yote hayo mtoto wa miaka sita anayafanya na hakuna anayesema anasoma.

Waliowahi kulichungulia jambo hili kwa makini ni mtu na mke wake, Charles Super na Sara Harkness, Wamarekani walioishi Kokwet, kijiji cha Wakipsigis kule Kenya, miaka ya 1970. Walitaka kujua kwa wazazi wa pale mtoto mwenye akili ni yupi. Wamama wakawaeleza kwamba ni yule anayeona kazi inayotakiwa kufanyika akaifanya bila kusubiri kuambiwa, yule ambaye unamwachia mdogo wake unaenda shamba na moyo umetulia. Akili ya darasani wanajua ipo, ila kwao hiyo ni ya shule, inatajwa kivyake.

Halafu watoto haohao wakapewa testi ndogo, unasimuliwa kahadithi na mtu mzima kisha unatakiwa ukasimulie tena. Kimya! Wengi hata kufungua mdomo ilikuwa shughuli. Mtoto anachunga ng'ombe, analea, anatumwa mbali anarudi na majibu sahihi, ila kwenye karatasi ya mtafiti anasomeka kama zezeta. Kumbe kwao mtoto mbele ya mkubwa anasikiliza na kutenda, hakai kumpigia stori mtu mzima, tena stori ambayo mwenyewe anaijua maana ndo ametoka kuisimulia sasa hivi, hebu fikiria hata wewe ungeonaje.

Tena usidhani ni mambo ya mdomo tu. Miaka ya 1950 Mfaransa mmoja, Marcelle Geber, alipima vichanga Uganda akakuta wako mbele ya wa Ulaya, basi maneno yakaanza kwamba Mwafrika ndivyo anavyozaliwa. Super alipokwenda Kokwet akaangalia kinachofanyika nyumbani, akakuta mama anachimba kashimo kadogo anamkalisha mtoto humo na blanketi za kumshikilia, anamfundisha kukaa, baadaye anamfundisha kutembea, makusudi kabisa. Na watoto wale walikuwa wanawahi kukaa na kutembea lakini kutambaa hawawahi, kwa sababu kutambaa hakuna aliyekuwa na haja nako na mtoto halazwi sana kifudifudi. Yaani wako mbele pale walipofundishwa tu. Kila mtu hupenda kusema ni damu, ni asili yetu, mara nyingi hiyo damu ni mama na blanketi.

Utafiti mwingine ninaoupenda (na unaoniuma) ni wa Usenge, kwa Waluo wa Kenya, kandokando ya Ziwa Victoria. Mwanasaikolojia Robert Sternberg na wenzake waliutoa mwaka 2001, walipima watoto 85 ujuzi wao wa dawa za asili, mti gani unatibu nini, unatumikaje, halafu wakawapa na mitihani ya msamiati ya mtindo wa kizungu. Waliokuwa vizuri kwenye dawa walielekea kupata chini kwenye msamiati. Sio kwamba hakuna uhusiano, uhusiano upo ila umegeuka kichwa chini miguu juu. Na maelezo yao ni ya kawaida kabisa, kuna nyumba zinaona shule ndio njia na kuna nyumba zinaona shule itaisha katikati mtoto arudi kuishi hapahapa kijijini, kwa hiyo kila nyumba inalima kichwa cha mtoto wake kwa mazao inayotarajia kuvuna. Ukija na mzani wa mahindi kwenye shamba la mihogo utasema hapa pana njaa.

Sasa hapa ndo penyewe, mi huwa nasikia watu wanasema utamaduni kama vile ni kitu kinachokaa kijijini kinatusubiri tukirudi Disemba. Hapana, unabadilika ndani ya kizazi kimoja na vichwa vinabadilika nao. Kule Guatemala, watafiti Maricela Correa-Chávez na Barbara Rogoff (2009) walimkalisha mtoto pembeni wakati mwenzake anafundishwa kutengeneza kitu cha kuchezea, hakuna aliyemwambia aangalie. Watoto wa Kimaya (wenyeji wa asili wa huko) wa familia zinazoishi kwa mila waliangalia sana, na baada ya wiki moja walivyopewa nao watengeneze hawakuhitaji kusaidiwa sana. Ila watoto wa Kimaya haohao ambao familia zao zimezama kwenye shule, waliangalia pungufu kuliko wale. Kabila moja, tofauti ni mama amekaa darasani miaka mingapi. Maana shuleni unazoea kwamba kama hujaitwa jina lako halikuhusu.

Na huyo ambaye kichwa chake kimeshakuwa hivyo akikua ndiye anayetunga mitihani, ndiye anayeajiri, ndiye anayejenga nyumba yenye ukuta na geti, kwa hiyo mzunguko unakamilika bila mtu yeyote kukaa kikao. Angalia intavyuu za nasari siku hizi, mtoto wa miaka mitatu anaulizwa na mgeni this is what colour, akikaa kimya anaandikiwa bado hajawa tayari, kumbe labda ni mtoto ambaye nyumbani kwao akikuona unasota juani anakuletea kiti. Hicho kwenye fomu hakina kisanduku.

Najua mtasema nataka turudishe watoto mabarabarani. Sisemi hivyo, mi mwenyewe simtumi mtoto avuke Morogoro Road na zile bodaboda, na kuna watoto walitumikishwa hadi shule wakakosa, hilo sio la kutetea. Na shule inafanya kazi yake, mtoto wa inglishi midiamu anaongea na mtu mzima bila kutetemeka, mi nilikuwa siwezi. Ninachobisha ni kuiita ile ndio akili na nyingine zote ni ushamba.

Tena ushahidi tunao sebuleni. Mtoto wa darasa la tano hajui chumvi inakaa wapi, na humohumo ndani yupo dada wa kazi ambaye anaona kikombe kinakaribia kudondoka kabla yako, anajua leo mtoto ana homa kwa kumwangalia tu anavyokula, anapiga hesabu ya matumizi ya wiki nzima kichwani, hana daftari wala nini. Akili ileile waliyoitaja wamama wa Kokwet. Sisi tunasema alifeli la saba, halafu tunamlipa hela ambayo haifiki hata ada ya tuisheni ya huyo anayetafutiwa chumvi.