Namba Yangu Imefungwa Kabla Sijaipata

Leo asubuhi, chai yangu ikiwa bado haijachemka, nimepigiwa simu na bwana mmoja mwenye sauti nzito ya kiserikali, akanijulisha kwa masikitiko makubwa kwamba namba yangu ya Hifadhi ya Jamii (Social Security, ambayo huku tunaiita soshali) imesimamishwa kuanzia saa hiyo hiyo. Ndugu zangu mnaoishi huku Marekani mnaijua sauti hiyo, na najua kwamba ninyi huikata simu kabla salamu hazijaisha. Mimi sikuikata. Nilivuta kiti nikaketi, kwa sababu namba anayodai imesimamishwa ndiyo ile ile ninayoisubiri tangu kibali changu cha kazi kilipofika, nami hadi dakika hii sijaiona, sijaisikia, wala sijaiota.

Kibali ninacho. Ni kadi ya plastiki yenye picha yangu, nimekodoa macho utadhani nimeitwa kuutambua mwili wangu mwenyewe. Katika ile fomu I-765 ya kuombea kibali pana swali, lililowekwa tangu mwaka 2017, ambapo mwombaji huulizwa iwapo angependa na soshali yake itolewe papo hapo, asisumbuke kwenda kupanga foleni kwingine. Nani angekataa? Nilisoma bismillahi, nikatia alama kwenye kisanduku kwa wino mweusi. Kibali kikaja kwa posta. Namba haikuja. Jirani yangu, Mkongo wa Uvira, aliyepeleka fomu baada yangu, alipata vyote viwili ndani ya wiki moja, na sasa hawezi kupita koridoni bila kunipa pole.

Basi nikamwambia yule bwana wa simu: "Mheshimiwa, nashukuru sana kwa taarifa. Naomba unisomee hiyo namba iliyosimamishwa, kalamu ninayo."

Pakawa kimya. Kisha akasema kwamba, kwa sababu za kiusalama, mimi ndiye ninayepaswa kumsomea tarakimu nne za mwisho, ili ahakikishe kuwa anazungumza na mhusika.

"Mhusika ni mimi," nikamjibu. "Lakini tarakimu hizo ndizo ninazozitafuta. Hata ukinitajia mbili za mwanzo nitakuombea dua."

Akaona nimekuwa mgumu, akanishushia zigo lenyewe. Gari lililokodiwa kwa namba yangu, alisema, limekutwa limetelekezwa Texas karibu na mpaka, damu kwenye viti, dawa za kulevya kwenye buti. Nakiri kwamba nilishtuka, ila si kwa sababu ya damu.

"Walimkodishia gari?" niliuliza. "Kwa namba hiyo? Bila dhamana ya miezi miwili?"

"Bwana, hili ni kosa kubwa la jinai."

"Naelewa, mheshimiwa. Ninachotaka kujua ni kama namba hiyo ilikubali kwenye kompyuta yao."

"Ilikubali."

"Kwa jina la nani?"

"Kwa jina lako."

"Jina langu ni nani?"

Kimya kingine, kirefu kuliko cha kwanza. Akanitaka nimtajie jina langu kamili, herufi moja moja, nami nikamtajia kama tulivyofundishwa: langu, la baba, la babu. Aliandika la kwanza, akalitafuna la pili, alipofika kwa babu akaomba nirudie. Nikarudia. Akauliza lipi kati ya hayo ni la ukoo. Nikamwambia la mwisho ni la babu. Akauliza kama babu ndiye aliyekodi gari. Nikamweleza kwa adabu kwamba marehemu babu yangu, Mungu amrehemu, alifariki kabla sijazaliwa, na kwamba katika uhai wake hakuwahi kumiliki hata baiskeli, sembuse gari la kupelekea damu Texas.

Hapo akaingia kwenye mambo ya hati ya kukamatwa. Polisi wako njiani, isipokuwa kama nitakwenda dukani mara moja kununua kadi za zawadi za dola mia tano na kumsomea namba za nyuma. Nikaona sasa tumefika mahali pa kuelewana.

"Mheshimiwa," nilimwambia, "fedha za kununua kadi ziko kwenye mshahara. Mshahara unasubiri niandikishwe kazini. Kazini wanasubiri namba. Namba mmeisimamisha ninyi. Ifungulieni leo, mshahara uingie Ijumaa, na Jumamosi asubuhi nitakuwa dukani. Hata polisi wakija waambie wapitie kwangu tunywe chai, ila waje na barua yoyote ya serikali yenye namba hiyo juu yake."

Akaikata simu. Yeye! Mtapeli mzima, ambaye kazi yake ni kuwang'ang'ania watu, amenikatia simu mimi. Nikampigia. Nikaambiwa kwamba namba ninayopiga haitumiki.

Msinifahamishe kwamba ni mtapeli, na kwamba namba hizi hazina utaratibu wa kusimamishwa. Najua. Lakini nataka mwelewe uzito wa jambo lenyewe: katika nchi yenye watu zaidi ya milioni mia tatu, mtu pekee anayeamini kwamba mimi nina soshali ni mwizi.

Wengine wote wanaitaka, hakuna anayeamini kwamba iko njiani. Mwenye nyumba aliikosa kwenye fomu yangu, akaongeza dhamana. Benki niliyoijaribu kwanza ilinipa peremende na karatasi ya maelezo. Daktari wa meno aliiulizia kabla ya kuuliza ni jino lipi. Kijana wa duka la simu, ambaye ndevu zake bado zinafanya mashauriano, alinitaka niitaje kwa sauti mbele ya foleni nzima, na ukutani nyuma yake kulikuwa na tangazo linalotuonya tusimtajie mtu yeyote namba zetu. Hapo ndipo ninapochoka. Namba ni siri kuu, usiitembeze mfukoni, usimwambie mtu. Halafu kuanzia muuza simu hadi mwenye chumba cha mazoezi kila mmoja anakutolea kalamu uiandike.

Kazini ndiko kwenye maajabu. Sheria haimzuii mwajiri kuniajiri na kunilipa wakati namba inasubiriwa, mradi kibali kipo, na mama wa utumishi analijua jambo hilo vizuri kuliko mimi. Kompyuta yake ndiyo isiyolijua. Palipo na nafasi ya namba pana nyota nyekundu, na nyota ile haina huruma. Mama wa watu akajaribu kuweka sifuri tisa ili ukurasa usogee. Ikakataa, kwa kuwa hakuna namba inayoanza na sifuri tatu. Akaweka tisa tupu. Ikakataa, kwa kuwa hakuna inayoanza na tisa. Nasikia na zile zinazoanza na 666 hazitolewi, lakini hizo hatukuzijaribu, maana mama yule ni mlokole.

Akanishauri niende mwenyewe dirishani, kwenye ofisi ambayo, kwa kuwa bado ninaihitaji, sitaitaja. Nikaenda na bahasha yangu: pasipoti, kibali, barua, na nakala za hivyo vyote, pamoja na nakala za nakala. Dada wa dirishani alikuwa mpole kabisa, jambo ambalo linaudhi zaidi, kwa sababu huwezi kumgombeza mtu mpole. Alieleza kwamba mtambo wao huuliza kumbukumbu za uhamiaji kama mimi ni mimi, na kwamba mtambo wa upande wa pili bado unafikiri. Alihisi tatizo ni majina. Kwenye karatasi moja baba yangu yupo katikati, kwenye nyingine amefupishwa kuwa herufi moja na nukta, na kwenye ya tatu ametoweka bila kuacha wosia. Babu peke yake ndiye aliyesimama imara kote. Kwa hiyo huku mimi ni Bwana Babu. Bili ya umeme imekuja kwa jina lake, na kituo cha mazoezi kinamtakia heri ya siku ya kuzaliwa. Mzee ambaye hakuwahi kuvuka Rufiji leo anadaiwa umeme Ohio.

Tukafika kwenye jina la mama yangu wakati alipozaliwa.

"Ni hilo hilo," nikasema.

"Hapana, kabla hajaolewa."

"Ni hilo hilo, dada. Alizaliwa nalo, akaolewa nalo, na bado analo."

"Kwa hiyo hakuolewa na baba yako?"

Ndugu zangu, nilivuka bahari nikiwa mtoto wa nikahi, mahari ilipokewa mbele ya mashahidi, na ng'ombe wa shughuli bado anasimuliwa. Nilipumua. Nikamweleza kwamba kwetu mwanamke hubaki na baba yake kwa jina hata akiolewa na waziri. Akanitazama kwa huruma, akaandika kitu, akanipa karatasi inayosema nirudi nyumbani nisubiri posta.

Kinachonichoma zaidi ni kwamba zamani watu walikuwa wakizikuta namba hizi ndani ya pochi. Siwatanii. Mwaka 1938 kiwanda kimoja cha pochi mjini Lockport, New York, kilitaka kuwaonyesha wateja jinsi kadi inavyoenea katika pochi zake, na mkubwa mmoja akaona busara kuchapisha mfano kwa kutumia namba halisi ya katibu muhtasi wake, Hilda Whitcher. Mfano wenyewe ulikuwa nusu ya kadi ya kweli, wino wake mwekundu, na ulikuwa umeandikwa waziwazi kuwa ni kielelezo. Watu wakanunua pochi, wakaikuta namba, wakaona ni yao. Mwaka 1943 watu 5,755 walikuwa wakiitumia kwa pamoja. Kwa miaka yote walipita zaidi ya 40,000. Na mwaka 1977 walikutwa bado 12 wanaendelea nayo bila wasiwasi wowote. Hilda mwenyewe ndiye aliyelazimika kupewa namba nyingine, na hata FBI walimbishia hodi wamuulize imekuwaje. Watu elfu arobaini wamepokelewa kazini kwa karatasi ya mapambo, na hakuna aliyeulizwa jina la mama yake. Mimi nilinunua pochi mwezi uliopita, nikaipekua hadi kwenye mshono. Ilikuwa na kile kifuko kidogo cha kuzuia unyevu, kilichoandikwa usile.

Na hiyo kadi ninayoililia, mnaijua ilivyo. Karatasi. Serikali iliyokitengeneza kibali changu kwa plastiki ngumu yenye michoro inayong'aa imeona soshali inatosha kuwa karatasi, halafu ikashauri usiitie nailoni. Ukiipoteza, utapewa nyingine, lakini zisizidi 3 kwa mwaka wala 10 katika maisha yako yote, kwa hiyo hata uzembe wetu umewekewa bajeti. Kwa sisi wenye vibali vya muda huandikwa juu yake kwamba inafaa kwa kazi pale tu inapoambatana na idhini ya Wizara ya Usalama wa Ndani, maana yake nitakapoonyesha kadi nitaulizwa kibali, na nilipoonyesha kibali niliulizwa kadi. Kuanzia mwaka 1946 hadi 1972 kadi mpya zilichapishwa maneno kwamba si za utambulisho. Ilikuwa namba ya kuhesabia mshahara na pensheni, basi, tangu ilipoanza kutolewa mwaka 1936. Maneno yale wakayaondoa. Wangeyaacha tu, ningeyakata nikambandikia yule kijana wa simu kwenye kipaji cha uso.

Sasa wananiambia kwamba huenda namba ilishatumwa, ikarudi. Nimeshuka chini kwenye visanduku vya barua kuhakikisha. Kisanduku changu kina majina ya wapangaji wanaoonekana kuwa wamehama tangu enzi za rais mwingine, na langu halipo, na barua za namna hii tarishi asipoliona jina huzirudisha zilikotoka. Msimamizi wa jengo anasema kubadilisha kibandiko ni lazima niombe kupitia akaunti ya mpangaji kwenye intaneti. Akaunti hiyo hufunguliwa kwa tarakimu nne za mwisho.

Nimekata shauri nibandike mwenyewe. Jirani yangu wa Uvira ameshuka na karatasi na gundi, akisisitiza: "Mzee, andika yote matatu, wajue unatoka kwa watu." Nafasi ni ya jina moja, kwa kubana. Nikamwambia aandike la babu, kwa kuwa ndiye anayefahamika huku. Herufi mbili tu, kalamu ikakauka. Duka la karibu halina kalamu za wino wa kudumu, lina maboga. Lile jingine liko ng'ambo ya barabara kuu, na sijapata kuelewa mtu asiye na gari anategemewa avukie wapi pale, maana taa ya waenda kwa miguu inawaka kwa muda wa kumtosha sungura, nalo gari hakuna atakayekukopesha bila kukuuliza mnachokijua.