Youn Yuh-jung hakuibuliwa na Oscar

Aprili 2021, mwigizaji wa Korea Kusini Youn Yuh-jung alipotwaa Oscar ya mwigizaji msaidizi bora wa kike kwa filamu ya Minari, akiwa na miaka 73, wengi walimsimulia kama bibi aliyeangukiwa na bahati uzeeni. Wapo pia wanaoitazama safari yake kwa masikitiko: kipaji kikubwa, wanasema, kilimalizwa miaka mingi kwenye tamthilia za familia, kikicheza mama na mama mkwe kwa ajili ya mshahara.

Masikitiko hayo yana msingi. Mwaka 1971, katika filamu yake ya kwanza, Woman of Fire ya mwongozaji Kim Ki-young, alicheza kijakazi anayeisambaratisha nyumba ya mwajiri wake, na akapewa tuzo hadi kwenye tamasha la filamu la Sitges, Hispania. Kisha akaolewa, akahamia Florida, na sinema ikamkosa karibu muongo mzima. Alirudi Korea mwaka 1984, na baada ya kupewa talaka, watazamaji walikuwa wakipiga simu kituo cha televisheni wakidai mwanamke aliyeachika asionyeshwe. Soko lililomtendea hivyo halistahili kusifiwa kwa ushupavu wake. Anayesema shida ndiyo iliyomkomaza atuambie pia ni waigizaji wangapi wa kike wa rika lake waliozimika kimya kimya.

Lakini wanaosema tamthilia zile zilimpotezea muda hawajaitazama kazi yenyewe. Youn hajawahi kuficha kwamba alipokea nafasi yoyote, hata ndogo, kwa sababu alikuwa na wana wawili wa kulea. Hata siku ya Oscar aliwashukuru kwa kumsukuma atoke kwenda kazini. Ukumbi ulicheka. Mimi naona hapo ndipo alipotaja chuo chake. Tamthilia za Korea kwa muda mrefu zilirekodiwa huku zikiendelea kurushwa hewani, na kurasa za mazungumzo zikifika dakika za mwisho. Mwigizaji hapati wiki ya kuutafakari uhusika wake. Anasoma, anakariri, anaamua mama huyu atamkatiza mwanawe kwa sauti gani, kamera inawashwa. Ukifanya hivyo mwaka baada ya mwaka, unajifunza kwamba mama wakwe wawili hawafanani hata wakipewa maneno yale yale.

Sinema ilipomwita tena, ilivuna elimu hiyo. Katika A Good Lawyer's Wife (2003) ni mama mkwe ambaye mumewe yu mahututi naye ana mpenzi, wala haoni haja ya kumwomba mtu radhi. Katika The Bacchus Lady (2016) ni kikongwe anayeuza mwili kwa wazee wa Seoul. Katika Minari ni Soon-ja, bibi anayetua Arkansas, Marekani, kuishi na familia ya bintiye, akiwa na pilipili ya unga na dagaa wakavu. Mjukuu wake David analalamika kwamba huyu si bibi wa kweli, kwani anatukana na hajui kuoka biskuti. David anapomnywesha mkojo kwa hila na baba yake anataka kumwadhibu, ni bibi huyo huyo anayemkingia kifua. Baadaye kiharusi kinampiga, ulimi unakuwa mzito, mkono haumtii, lakini utundu ule bado unaonekana machoni, umekosa pa kutokea. Youn alimuuliza mwongozaji, Lee Isaac Chung, kama anataka amwige bibi wa Chung mwenyewe. Chung akamwachia uhuru.

Upande wa pili una hoja moja nzito kweli. Alipovuka miaka 60, Youn aliamua kufanya kazi na watu anaowapenda tu, na The Bacchus Lady na Minari zote zilikuja baada ya hapo. Je, angepata uhuru huo akiwa na miaka 35? Naamini tungekuwa na filamu kubwa zaidi mkononi, na hasara hiyo sitaipunguza. Ila uhuru haukumkuta mikono mitupu. Minari ilirekodiwa kwa siku 25 katika joto la Oklahoma, kwa bajeti ndogo, na watoto wawili wakiwa mbele ya kamera. Kwa ratiba kama hiyo, mwigizaji aliyezoea kungoja hisia zimjie angekwama wiki ya kwanza.