Mpagazi hayumo kwenye Sanamu ya Askari

Wapo wanaoona kwamba Sanamu ya Askari, pale Barabara ya Samora, haifai kuendelea kusimama katikati ya Dar es Salaam. Hoja yao si nyepesi. Waingereza waliizindua mwaka 1927, mahali palipokuwa na sanamu ya Mjerumani Hermann von Wissmann, ili kuwaenzi waliowapigania katika Vita Kuu ya 1914–1918. Nao askari waliokuwa upande wa Wajerumani walitoka katika jeshi lilelile lililozima Maji Maji kwa kuchoma mashamba na maghala ya chakula. Kumwambia mtu wa Songea amuenzi askari wa mkoloni ni kumtonesha kidonda.

Hadi hapo nakubaliana nao. Ila wakisema haikuwa vita yetu, hivyo isitushughulishe, hapo siwafuati. Iliamuliwa Ulaya, lakini ilipiganiwa mashambani mwetu. Waingereza peke yao walikusanya wapagazi wanaokadiriwa kufikia milioni moja, wengi wao kwa nguvu, na hesabu rasmi inataja vifo zaidi ya 90,000. Wengi hawakufa kwa risasi. Walikufa kwa kuhara, malaria na njaa. Mtu aliyekulia ndizi au mtama alipewa unga wa mahindi, akaula haujaiva vizuri, kisha akatwishwa mzigo na kuambiwa atembee kwenye mvua. Vijijini majeshi yalichukua nafaka, ng'ombe na vijana. Mvua zilipokatika, Ugogo ikaingia katika njaa ya Mtunya. Hata mipaka tuliyonayo leo na Rwanda na Burundi ina mkono wa vita hiyo.

Maandishi ya kwenye sanamu yanawasifu wapagazi kuwa miguu na mikono ya jeshi, lakini aliyechongwa ni mwenye bunduki peke yake. Kuibomoa hakutamrudisha mpagazi. Naona ibaki, iwekewe maelezo yanayoitaja pia Maji Maji, na mpagazi apewe sanamu yake Kariakoo, ambako kikosi cha wapagazi kilipiga kambi baada ya Waingereza kuuteka mji Septemba 1916.

Watakaosema fedha hizo ziende kwenye mitaro ya maji machafu wana haki ya kusema hivyo. Ndiyo maana sidai mnara wa fahari: mtu mmoja mwenye mzigo kichwani, na ubao wa Kiswahili unaotaja idadi ya waliokufa na kilichowaua.