Huyo adui wa mwanamke amewekwa na nani?

“Mmeona sasa? Adui wa mwanamke ni mwanamke mwenyewe.” Ndivyo alivyosema kaka mmoja kwenye kikundi chetu cha kusoma tulipomaliza The Grace Year (Mwaka wa Neema), riwaya ya Mmarekani Kim Liggett, kisha akafunga kitabu na kuagiza soda. Kesi imekwisha. Yeye sina ugomvi naye mkubwa. Amerudia tu maneno aliyoyasikia kwa MC wa harusi na kwenye daladala tangu akiwa mdogo. Walionipandisha presha ni kina dada wenzangu waliotikisa kichwa na kuguna “kweli kabisa”. Mmoja wao kitabu kilikuwa mapajani, kurasa zimekunjwa pembe hadi mwisho. Umesoma zote hizo, mama, halafu ukaondoka na hilo?

Nilijibu palepale kwa kelele, na kelele hazikusaidia. Naandika hapa kwa utulivu. Utulivu wa kiasi.

Aliyekisoma anajua, ambaye hajakisoma anivumilie maana nitamwaga hadi mwisho. Garner County, mji wa kubuni wa riwaya hii, wanaamini msichana akifika miaka 16 anakuwa na uchawi mwilini, uchawi unaowatoa wanaume akili na kuwatia wake zao wivu. Dawa yake ni kuwakusanya wote wa rika hilo, kuwapeleka msituni na kuwafungia nyuma ya uzio mwaka mzima hadi uwatoke. Kabla hawajaondoka wanaume wanachagua wake. Aliyechaguliwa anafunikwa shela. Asiyechaguliwa, akirudi hai, anakwenda kufanya kazi mashambani au kiwandani hadi azeeke. Na nje ya uzio wanasubiri majangili, kwa sababu mwili wa msichana ukikatwakatwa na kutiwa kwenye vichupa una wanunuzi huko mjini, watu wenye heshima zao.

Ndani ya kambi hakuna mwanamume hata mmoja. Wapo wasichana peke yao, na hawachukui muda kuanza kuumizana. Kiersten anajifanya malkia, anawaaminisha wenzake kwamba uchawi umewashukia, na asiyeamini anatupwa nje ya boma usiku. Gertrude anakatwa msuko kwa shoka hadi ngozi ya kichwa inachanika. Kaka yetu alipofika hapo akapiga hesabu yake ya darasa la pili: hakuna mwanamume, kuna damu, basi mbaya ni mwanamke.

Haya, tupige hesabu pamoja. Nani aliyefanya mashela yawe machache kuliko wasichana, halafu akaweka maisha yote ya msichana kwenye kupata shela? Nani aliyepitisha kwamba msichana akitoroka na mwili wake usipatikane, wadogo zake wa kike watafukuzwa nyumbani wakaishie nje ya mji kuuza miili yao? Na hili ndilo linaloninyima usingizi kuliko majangili wote: nani aliyeharamisha kuuzungumzia mwaka ule? Maana mama yake Tierney, msichana anayetusimulia hadithi, alikwenda. Dada zake wakubwa walikwenda. Jirani, shangazi, mwalimu, kila mwanamke mwenye utepe mweusi kichwani, yaani aliyeolewa, pale mjini ameishi kambini mwaka mzima, na Tierney anaingia kwenye geti lile hajui hata maji yapo wapi. Mji mzima wa wanawake wenye habari moja, na hakuna anayeruhusiwa kumpa mtoto wake. Hata kukusanyika wenyewe bila sababu iliyokubaliwa ni marufuku. Ukiwafanyia watu hivyo vizazi na vizazi, huhitaji kuweka mlinzi wa kiume kambini. Mshahara wa nini?

Nimesoma bweni. Shule yetu siitaji, na zilikuwa nyingi za namna hiyo. Tulikuwa tunapimwa mimba kila tukitoka likizo. Tunapanga foleni, mtu na kikopo chake. Aliyesimama mlangoni na daftari alikuwa matroni, mwanamke, tena mama mwenye mabinti. Alikuwa na mdomo mchafu yule mama, sijawahi kusikia mwingine kama ule. Kwa miaka mingi nilimchukia yeye, wala sikuwahi kumfikiria mkuu wa shule aliyekuwa akisubiri daftari ofisini, wala aliyeandika kanuni kwamba mwenye mimba afukuzwe, wala vijana na wanaume waliozitia hizo mimba wakaendelea na masomo yao au na biashara zao. Hadi Novemba 2021, serikali iliporuhusu wasichana waliojifungua warudi darasani, lile daftari lilikuwa na meno. Na lilishikwa na mwanamke. Kwa akili ya kaka yetu, hapo ushahidi umekamilika: matroni ndiye adui. Kwa akili yangu, mtu aliyeajiriwa kushika daftari na mtu anayelisoma daftari ni watu wawili, na anayelisoma anapenda sana tugombane na anayelishika.

Twende kwenye kicheni pati, msinikwepe. Tunachanga, tunashona sare, tunakodi ukumbi, tunamkalisha bibi harusi katikati na vyombo vyake, halafu anainuka mama mmoja anamwambia mume ni wako akiwa ndani, akitoka si wako. Anamwambia ndoa ni uvumilivu. Vigelegele! Yule mama ukimfuata nyumbani kwake utakuta uvumilivu umemfikisha wapi, na yeye anajua kwamba sisi tunajua, lakini kipaza sauti akipewa hasemi alichokiona, anasema kinachotakiwa. Nimehudhuria nyingi na bado sijamsikia kungwi anayesema, “Akikupiga, namba yangu hii hapa, njoo na begi.” Labda husemwa chemba. Natumaini husemwa chemba.

Na msidhani jambo hili limeanza jana. Mwana Kupona alipotunga utendi wake mnamo 1858 kule Siu, mgonjwa, akimwachia binti yake wosia, alimfundisha mume akilala asimwamshe, amkande, asikose wa kumpepea. Kuna wasomi wanaotafuta kejeli ndani ya beti zile, na mimi huwa nawatakia heri. Ninachokiona ni mama anayekufa na binti anayebaki, na mama anampa binti silaha pekee anazozijua katika nyumba ambayo silaha nyingine zilishakusanywa. Siwezi kumwita adui. Lakini siwezi pia kujifanya kwamba mafundisho yale hayajatufika sisi, karne na nusu baadaye, yakiwa yamepakwa pambo na kuwekewa muziki wa taarabu.

Liggett mwenyewe amesimulia wazo la kitabu lilivyomjia. Alikuwa Penn Station, New York, akisubiri treni. Akamwona msichana mdogo, wa miaka 13 au 14, amesimama na familia yake. Mwanamume mmoja mwenye suti akapita akamkagua juu hadi chini. Ndipo akapita mwanamke naye akamkagua vilevile, wa kwanza akiona windo, wa pili akiona mshindani. Wengi wakisimulia kisa hiki wanabaki na suti ya yule bwana na kumsahau yule bibi. Kaka yetu angembakisha bibi na kumsahau bwana. Kitabu kimewabeba wote wawili, kwa mpangilio uleule: jicho la kwanza ndilo lililolifundisha la pili.

Kuna aliyelalamika kwamba majangili wamezidi chumvi, kwamba hakuna jamii inayoweza kununua viungo vya binadamu kwenye kichupa na kesho yake ikaenda ibadani. Alilisema hilo hapahapa Tanzania. Serikali ilipopiga marufuku wapiga ramli chonganishi Januari 2015 ilikuwa inazuia nini, uuzaji wa njugu? Ndugu zetu wenye ualbino wa Kanda ya Ziwa hawahitaji kuelezwa soko la majangili lilivyo, wala hawahitaji kuambiwa kwamba mnunuzi ni mtu wa shati safi. Na vikongwe wa Usukumani waliouawa kwa kuwa na macho mekundu, mekundu kwa moshi wa kuwapikia watu haohao waliowashuku? Hadithi ya kubuni, eti.

Halafu sheria. Julai 2016 Mahakama Kuu, katika kesi ya Rebeca Gyumi, ilisema vifungu vya Sheria ya Ndoa ya 1971 vinavyoruhusu msichana wa miaka 15 kuolewa kwa ridhaa ya wazazi, wakati mvulana anasubiri 18, vinakwenda kinyume na Katiba, na ikaipa serikali mwaka mmoja kuvirekebisha. Mwaka wa neema, unaweza kusema. Serikali ikakata rufaa. Mwaka ukaisha bila kifungu kuguswa, na Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani ikaitupa rufaa ile. Oktoba hiyohiyo ya 2019 ndipo The Grace Year kilipotoka huko Marekani, na wahakiki wa kule wakakisifu kwa kuonya juu ya mambo yanayoweza kutokea siku za mbele. Siku za mbele!

Sawa, kina kasoro zake, nisionekane nimelipwa. Mapenzi ya Tierney na Ryker siyawezi. Kijana ni jangili, kazi yake ni kuchuna wasichana, na kwa kuwa ana macho mazuri na amemtibu jeraha, kurasa chungu nzima tunaombwa tuyeyuke. Nilizipita kwa kasi. Ile ya maji ya kisima kuwa na kitu kinachowalevya, ndiyo maana wanaona maruweruwe na kudhani ni uchawi, kwanza iliniudhi, nikaona mwandishi ametafuta njia rahisi ya kuwasafisha wasichana wake. Mpwa wangu ndiye aliyesema kwamba wakiambiwa ni sumu na wakapewa maji mengine, wapo ambao bado wangeurudia uchawi, kwa kuwa ndiyo mara ya kwanza maishani kuambiwa wana nguvu. Nikanyamaza. Hapo namkubalia Liggett, shingo upande.

Ila kaka, na nyie mlioguna, kuna kitu mmekiruka na sitawaachia. Joho la Tierney. Dada yake June, mkimya, wa kupika na kukunja nguo, ambaye ukisoma harakaharaka humkumbuki hata jina, amemshonea mbegu kwenye bitana ya joho lile. Hakusema neno maana kusema ni marufuku. Ameshona. Tierney anazigundua akiwa peke yake msituni, ametupwa na wenzake, na ndizo anazopanda. Na mama yake, yule tuliyemdhania mwoga tangu sura ya kwanza, ukifika mwisho unalazimika kurudi nyuma kumsoma upya. Ndani ya mji uleule, chini ya sheria zilezile, wapo wanawake wanaotafuta upenyo wa kupitisha kitu kwa mkono. Ua jekundu wanalolibeba wale wanaojuana halikuwekwa pale kwa urembo. Sasa adui ni nani hapo, ni June? Mkisema adui ni mwanamke mnalazimika kumfuta June, na mimi kufutwa kwa kina June nimechoka nako. Tunao mtaani. Ni yule mama wa genge anayemkopesha mwanafunzi nauli bila kumwandika kwenye daftari lake. Ni muuguzi anayefunga mlango kwanza ndipo anauliza. Hakuna MC anayewataja.

Wapo pia wazazi walioshangaa kwamba nimempa mpwa wangu kitabu chenye shoka na vichupa vya nyama. Rosa Mistika ya Kezilahabi ilipotoka 1971 nayo ilizuiwa shuleni isije ikawaharibu mabinti, wakati aliyemwanzia Rosa mabaya ni baba yake mwenyewe kwa bakora zake. Watoto wanaharibiwa na mengi. Vitabu viko mbali sana chini kwenye orodha yangu.

Mpwa wangu huyo ametimiza 15 mwaka huu, umri uleule ambao sheria ya 1971 iliuona unatosha kuwa mke wa mtu. Amekisoma chote na haupendi mwisho wake. Tierney anarudi mjini. Anasimama mbele ya wanaume wote akiwa na mimba ya Ryker, Michael, yule aliyemchagua kwa shela, anajitokeza kusema ni yake, na maisha yanaendelea, ua jekundu kimyakimya. Mpwa anasema huo ni uoga. Angekuwa yeye angeuchoma uzio na kukimbia. Nikamkumbusha wadogo zake Tierney, Clara na Penny, kwamba ukikimbia wewe wanafukuzwa wao, mwandishi amefunga mlango huo makusudi. Nikadhani nimemmaliza.

“Sasa Shangazi, si wangeanza na kuwatoa wadogo?”

Nikamwambia msitu ni mkubwa, majangili wamejaa, watoto hawatembei haraka. Akaniuliza kama June aliweza kushona mbegu, kwa nini wakubwa wote wenye utepe mweusi wasiwapitishe wadogo mmojammoja, mwaka hadi mwaka. Bado tunabishana. Jana amenitumia ramani ya Garner County aliyoichora mwenyewe, na ameweka alama nyumba ambazo angeanza nazo.