Barcelona 2019/20: lawama zote za Bartomeu?

Kila stori ya Barca ya 2019/20 ikianzishwa inaishia kwenye jina moja, Bartomeu, rais wa klabu wa wakati ule. Bartomeu kaiua Barca, Bartomeu kamfanya Messi aombe kuondoka, Bartomeu kamaliza hela, yaani jamaa kabebeshwa gunia zima peke yake. Mi simpendi na sina mpango wa kumsafisha, ila kila nikirudi kuupitia ule msimu mwezi kwa mwezi naona kuna watu walikaa naye meza moja, wakala, wakashiba, afu ilipokuja bili wakahamia upande wa mashabiki wakawa wanalalamika pamoja na sisi. Nazungumzia wazee wa ile timu, wachezaji wakongwe.

Wengi wanaanzia kwenye zile goli nane za Bayern. Mi naanzia Januari. Tarehe 9 Januari 2020 Barca wanacheza nusu fainali ya Supercopa ya Hispania na Atlético kule Jeddah, Saudi Arabia, wanaongoza 2-1, zimebaki dakika kama kumi hivi, Morata anafunga penati, Correa anaua, 3-2. Siku nne baadaye Ernesto Valverde anatimuliwa. Sasa angalia huyo anayetimuliwa ni nani, kocha mwenye ligi mbili mfululizo, yuko kileleni ana pointi 40 sawa na Madrid ila anamzidi tofauti ya magoli. Ukisikia hivyo tu unasema hawa viongozi wendawazimu. Lakini upande wa pili nao una hoja, maana Valverde alikuwa ameshaandamwa na kifo kinachojirudia, Roma 2018 ameenda na 4-1 mkononi akapigwa 3-0, Liverpool 2019 ameenda na 3-0 akapigwa 4-0, ile goli ya nne kona imepigwa mabeki wamegeuka mgongo kama watu wanasubiri daladala. Kwa hiyo kumtoa ilikuwa sawa, tatizo ni lini. Kama alitakiwa kuondoka basi angeondoka Mei 2019 usiku wa Anfield, si katikati ya msimu kwa sababu ya kikombe cha Jeddah.

Na ubaya zaidi walimtimua bila kuwa na mtu. Abidal, aliyekuwa mkurugenzi wa ufundi, na Óscar Grau, mtendaji mkuu wa klabu, wamepanda ndege mpaka Qatar kumuomba Xavi, Xavi akasema bado. Ndo akaja Quique Setién, ambaye mwenyewe siku ya kutambulishwa alisema jana yake alikuwa anatembea kijijini kwao kati ya ng'ombe. Watu walicheka sana lakini mi nilimpenda kwa lile, mzee mkweli. Sasa mzee mkweli anayependa mpira wa pasi, hajawahi kushinda kombe kubwa akiwa kocha, unampeleka kwenye chumba cha kina Messi, Suárez, Piqué, Busquets na Alba. Unategemea nini? Juni kwenye ile mechi ya Celta kamera ikamnasa msaidizi wake, Eder Sarabia, anampa Messi maelekezo wakati wa kunywa maji, Messi anaangalia pembeni kama anayesikia redio ya jirani. Ile picha ilisambaa dunia nzima na kwangu inasema mengi kuliko matokeo ya 2-2 ya siku ile.

Turudi kwenye bodi maana hapo hakuna mjadala mrefu, walivurunda. Januari Suárez kafanyiwa upasuaji wa goti, timu ina upungufu wa mastraika, wao wanamuachia Carles Pérez, kijana wa La Masia, shule ya soka ya Barca, anaenda Roma. Wanahangaika na Rodrigo wa Valencia inashindikana, wanamgeukia Bakambu, huyu wa Congo aliyekuwa China, jamaa kashaanza safari ndo anaambiwa basi rudi tumebadili mawazo. Februari Dembélé naye anaumia vibaya, inabidi waombe kusajili kwa dharura nje ya dirisha, wanalipa euro milioni 18 kumtoa Martin Braithwaite Leganés. Leganés waliokuwa wanapambana wasishuke daraja hawakuruhusiwa kuziba pengo, wakaja kushuka siku ya mwisho. Na huyo Braithwaite kwenye Champions League haruhusiwi kucheza. Hiyo ndo klabu iliyoongoza duniani kwa mapato kwenye orodha ya kampuni ya ukaguzi ya Deloitte mwaka huohuo, zaidi ya euro milioni 840.

Hela zilienda wapi? Hapa ndo panapouma. Agosti 2017 Neymar kaondoka kwa milioni 222, kila mwenye duka Ulaya akajua Barca kaingia sokoni ana noti mfukoni na amechanganyikiwa, akapandisha bei. Dembélé milioni 105 bila nyongeza, Coutinho 120 bila nyongeza, 2019 Griezmann 120. Watatu hao kwa pamoja hawakuwahi kucheza kipindi kimoja cha maana kama safu ya mbele, na Griezmann msimu ule Setién alimuingiza dakika ya 90 dhidi ya Atlético, klabu yake ya zamani, kama mtu anayeenda kukaba kona. Afu Juni wakafanya lile dili na Juventus, Arthur aende kwa milioni 72, Pjanić aje kwa milioni 60. Arthur ana miaka 23, Pjanić ana 30. Kimpira haina maana yoyote. Kimahesabu ilikuwa na maana, ukimuuza mchezaji faida yote unaiandika mwaka huohuo, ukimnunua gharama unaigawa kwa miaka ya mkataba wake, na mwaka wa hesabu unafungwa tarehe 30 Juni. Pale Hispania enzi hizo viongozi wa klabu ya wanachama kama Barca walikuwa wanaweka dhamana ya asilimia 15 ya bajeti, klabu ikipata hasara waliweza kuguswa mifuko yao. Kwa hiyo sitashangaa mtu akisema Arthur aliuzwa ili mabosi walale usingizi. Arthur mwenyewe alikasirika, alienda likizo Brazil akagoma kurudi kumalizia Champions League.

Ongeza na ile kashfa ya Februari, redio ya Cadena SER ikaripoti kwamba kampuni ya I3 Ventures iliyokuwa inalipwa na klabu inahusika na akaunti za mitandaoni zinazowasema vibaya Messi, Piqué na wengine. Klabu ikakana, na ukaguzi wa kampuni ya PwC baadaye ukasema haikuwa kampeni ya kuchafua watu. Sawa. Lakini Aprili wajumbe sita wa bodi wakajiuzulu kwa mkupuo, na mmoja wao, Emili Rousaud, akasema hadharani kuna mtu aliingiza mkono kwenye droo ya hela. Sasa nyumba ya namna hiyo hata ungempa Guardiola asingekaa.

Ila.

Hao wazee wa timu mikataba yao ilitoka wapi? Hakuna aliyewalazimisha. Timu ilikuwa na Messi miaka 33, Suárez 33, Piqué 33, Vidal 33, Busquets 32, na kila mmoja wa wale wakongwe wa miaka mingi kila baada ya muda alikuwa anapata mkataba mpya mnono zaidi. Januari 2021 gazeti la El Mundo likauanika mkataba wa Messi, zaidi ya euro milioni 555 kwa miaka minne. Najua utaniambia Messi alikuwa anaingiza hela nyingi kuliko hizo, na ni kweli, na msimu ule mbovu kafunga magoli 25 ya ligi na asisti 21, bila yeye wangemaliza nafasi ya nne au ya tano. Kwa Messi nakubali. Lakini mshahara wa Messi ukipanda wa pili yake anauliza na mimi je, wa tatu naye vilevile, na hakuna rais aliyekuwa na ubavu wa kusema hapana kwa sababu wachezaji hao wote walikuwa marafiki wa Messi. Bartomeu alikuwa ananunua amani. Anayenunua amani ana kosa, anayeiuza naye je?

Abidal Februari alisema kwenye intavyuu kwamba wachezaji wengi hawakuwa wameridhika na hawakujituma enzi za Valverde. Messi akamjibu Instagram, kwamba kama unasema wachezaji basi taja majina, usipotaja unatuchafua wote. Wengi tulimshangilia Messi. Leo nikifikiria, Abidal alikuwa mjinga kwa kulisema gazetini maana yeye ndo bosi wa kuyamaliza ndani, ila hakudanganya. Timu iliyokaa kileleni ligi ikisimama Machi kwa Corona, pointi 58 kwa 56 za Madrid, ikarudi Juni ikatoa sare na Sevilla, Celta na Atlético huku Madrid anashinda mechi kumi mfululizo. Tarehe 16 Julai Osasuna wanakuja Camp Nou wanaondoka na ushindi wa 2-1, usiku huohuo Madrid bingwa. Messi akatoka akasema timu ni dhaifu. Ndiyo kaka, ni dhaifu, lakini dhaifu ni nani, Ansu Fati mwenye miaka 17?

Kwenye suala la mishahara ya Corona nawapa wachezaji haki yao. Walikatwa asilimia 70 wakati wa zuio, wakaongeza na hela nyingine ili wafanyakazi wa kawaida wa klabu walipwe kamili. Messi alipotangaza hilo aliirushia bodi jiwe, kwamba kuna watu ndani walitaka kuwaweka wachezaji kwenye presha wakati wao walishakubali zamani. Hapo alikuwa sahihi, ile tabia ya kuvujisha habari ili mashabiki wawachukie wachezaji ilikuwa ya kishamba.

Sasa tarehe 14 Agosti, Lisbon. Nilikuwa kibanda umiza, saa nne usiku, bahati nzuri huku kwetu Tanzania watu walikuwa wanakusanyika kama kawaida. Müller dakika ya nne. Alaba akajifunga, kibanda kikapiga kelele tukadhani mechi ipo. Perišić, Gnabry, Müller tena, mapumziko 4-1 na nusu ya watu wameshadai nauli zao. Mwisho 8-2, mawili ya mwisho kafunga Coutinho, mchezaji wa Barca aliyekuwa kwa mkopo Bayern, yaani umenunua bunduki kwa milioni 120 ukamuazima jirani akaja kukupigia nayo. Mara ya mwisho Barca kufungwa nane ilikuwa 1946 na Sevilla. Bartomeu hakuwa uwanjani akikaba siku ile. Alphonso Davies alimtambuka Semedo kama kasimama, lakini angalia na viungo, wanarudi wanatembea. Piqué baada ya mechi akasema tumefika chini kabisa, kama kutahitajika damu mpya yeye wa kwanza kuondoka. Kauli nzito, ilinigusa. Miezi miwili baadaye, Oktoba, kasaini mkataba mpya mpaka 2024, ndani yake kukiwa na makubaliano ya kuahirisha mishahara.

Burofax ya Messi ya tarehe 25 Agosti, yaani barua rasmi ya kuomba kuondoka, imeshajadiliwa sana, nitapita haraka. Mkataba ulimruhusu kuondoka bure mwisho wa msimu ila aseme kabla ya tarehe 10 Juni. Yeye anasema msimu uliisha Agosti kwa sababu ya Corona, klabu inasema tarehe ni tarehe, la sivyo leta milioni 700. Kwa maandishi klabu ilikuwa na nguvu. Kwa roho ya kile kipengele Messi alikuwa sahihi, na anasema rais alimuahidi kwa mdomo kwamba msimu ukiisha ataamua mwenyewe. Akabaki kwa kutotaka kuishtaki klabu yake mahakamani. Suárez yeye alipewa simu fupi na Koeman, kocha mpya, akaenda Atlético kwa hela isiyozidi milioni 6, akafunga 21 na kubeba ligi. Hilo ni la bodi, halina mjadala. Kumtoa Suárez kulikuwa na hoja, kumpeleka kwa mpinzani wako kwa bei ya karanga hakukuwa na hoja.

Kwa hiyo mi mzani wangu unalalia kwa Bartomeu, kwa sababu mwenye kalamu ya kusaini ndo mwenye dhamana, na wanachama walipokusanya saini zaidi ya 20,000 za kumng'oa akajiuzulu mwenyewe tarehe 27 Oktoba. Ingawa na wanachama nao, ni haohao waliompa zaidi ya asilimia 54 mwaka 2015 wakimuacha mpinzani wake Laporta na 33, kisa timu imetoka kubeba makombe matatu.

Lakini ukitaka kujua wazee wa timu wangeweza kufanya nini, angalia Agosti 2021. Laporta, sasa akiwa rais, anatangaza deni la euro bilioni 1.35, mishahara imezidi mapato, asilimia 103. Messi tarehe 5 kashatangazwa kuondoka. Ndo siku chache baadaye Piqué anakubali kukatwa mshahara, na hela iliyopatikana inatosha kuwasajili kwenye ligi Memphis Depay na Eric García waliokuwa wamekwama. Mechi ya kwanza ya ligi, tarehe 15, na Real Sociedad, Memphis anapiga faulo dakika ya 19, Piqué anapaa, kichwa, goli.