Anayeigizwa tunamjadili, aliyeigiza je?

Ninaishi Lille, kaskazini mwa Ufaransa, mji ambako filamu ya La Vie d'Adèle ilipigwa picha mwaka 2012. Hadi leo ukiitaja filamu hiyo mezani hapa, watu wanaacha kula. Mmoja atakwambia hajaona filamu ya mapenzi iliyomgusa kama ile, mwingine atakwambia hawezi kuirudia tangu alipojua ilivyotengenezwa. Nikiitaja kwa watu wangu Mombasa naulizwa swali moja tu: "Si ile ya wasichana wawili?" Nikishasema ndiyo, mazungumzo yamekwisha.

Mimi naona yanafaa kuanzia hapo.

Kisa chenyewe ni cha Adèle, msichana wa sekondari anayempenda Emma, mchoraji mwenye nywele za buluu. Wanaishi pamoja, wanakoseana, wanaachana. Filamu inakaribia saa 3, na wanaoifahamu kwa uvumi hudhani muda wote huo ni kitandani. Si kweli. Watu wanakula, wanafundisha watoto wa chekechea, wanalia hadi kamasi zinatoka. Kilichonichoma mimi ni vyakula: kwa kina Adèle wanapakua tambi, kwa kina Emma wanafungua chaza na kuuliza binti wa watu ana ndoto gani maishani. Mhamiaji yeyote aliyewahi kualikwa kwenye nyumba ya wasomi wa hapa anaujua ule ugumu wa kukaa kitini bila kujua mikono uiweke wapi. Abdellatif Kechiche, mwongozaji, alizaliwa Tunis akaletwa Ufaransa akiwa mtoto, na naamini ndiyo maana jicho lake halikosei kwenye mambo ya tabaka. Kwa hilo namheshimu sana.

Tarehe 26 Mei 2013, kwenye tamasha la filamu la Cannes, majaji chini ya Steven Spielberg waliitunuku Mtende wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha hilo, wakautoa kwa Kechiche pamoja na waigizaji wake wawili, Adèle Exarchopoulos na Léa Seydoux. Haikuwahi kutokea hivyo. Siku hiyohiyo barabara za Paris zilijaa waandamanaji wa kupinga ndoa za jinsia moja, zilizoruhusiwa na sheria iliyokuwa imetiwa saini siku chache tu kabla. Nawakumbusha hili ndugu zangu wanaodhani Wazungu wote wana kauli moja.

Lakini kabla hata ya tuzo, chama cha wafanyakazi wa ufundi wa filamu kilikuwa kimetoa tamko: saa za kazi zisizo na mpaka, ratiba zinazobadilika ghafla, watu kuondoka katikati ya kazi. Baadaye waigizaji wenyewe wakasema. Walieleza kwamba tukio moja la faragha lilichukua siku 10, na Seydoux akasema hatafanya kazi tena na Kechiche. Exarchopoulos alikuwa na miaka 18 walipokuwa wakipiga picha. Kumi na minane! Naye Jul Maroh, aliyeandika na kuchora kitabu cha katuni kilichozaa filamu, alilalamika kwamba matukio ya kitandani hayakufanana na maisha ya wanawake wanaopendana. Kechiche alijibu kwa hasira, hata akasema ingekuwa heri filamu isitoke, kwa kuwa imeshachafuliwa.

Na hapa palikuwa na walinda maadili pia. Mwaka 2015 mahakama ya rufaa ya kiutawala ya Paris ilikifuta kibali cha kuonyesha filamu baada ya malalamiko ya shirika moja la kihafidhina, mwaka uliofuata Baraza la Taifa, mahakama ya juu kabisa ya kiutawala, likaubatilisha uamuzi huo. Ugomvi huo siuoni kuwa wa maana sana. Wenye maana ni ule wa wafanyakazi, kwa sababu ulikataa kufa. Umekutana na sauti za waigizaji wengine, na Bunge la Ufaransa likaunda tume ya kuchunguza unyanyasaji kwenye sanaa, ripoti yake ikatoka Aprili 2025. Wamechelewa, tena sana. Lakini swali limeulizwa hadharani: aliyesimama mbele ya kamera alitendewaje?

Nyumbani Kenya swali hilo silisikii. Mwaka 2018 Rafiki ya Wanuri Kahiu, kisa cha wasichana wawili wanaopendana, ilikuwa filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa Cannes, nayo Bodi ya Uainishaji wa Filamu ikaipiga marufuku. Kahiu alieleza kwamba walimtaka aubadilishe mwisho wake, eti una matumaini mno. Ilibidi Jaji Wilfrida Okwany wa Mahakama Kuu aiachie kwa siku 7 ndipo Wanairobi wakapanga foleni kuiona. Sisi tuligombana wiki nzima kuhusu wahusika wa kubuni. Sikukuta mtu akiuliza waigizaji wetu wanalipwa vipi, wana bima gani, binti anayeigiza busu analindwa na nani.

Nauliza kwa uchungu kwa sababu binamu yangu anaigiza Nairobi. Kuna kazi amefanya kwa nauli na sahani ya wali, bila karatasi, na aliwahi kuambiwa tukio limebadilishwa, avue, akiwa tayari amekaa mbele ya taa. Alikataa, akarudishwa nyumbani bila senti. Huo ndio uchafu wa maadili ninaoujua mimi, na hakuna bodi iliyoupiga marufuku.

Sheria yetu ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Sura ya 222, humtaka mwenye filamu apeleke maelezo ya matukio na maneno yote yatakayosemwa kabla ya kupewa leseni. Kila neno la mhusika linapitiwa. Basi kwenye bahasha hiyohiyo udaiwe pia mkataba wa kila mwigizaji, malipo yake, saa zake za kazi, na sahihi yake kwenye kila tukio la faragha, na bila karatasi hizo leseni isitolewe.